Filamu fupi ya mume anayerudi baada ya kuzikwa: sini ya mlangoni imenishinda, nisaidieni

Binti_wa_Pangani

Habari za humu wapendwa. Naomba mawazo yenu maana nimekwama, na huku nilipo watu wa kuongea nao mambo haya ni wa kuhesabu.

Natengeneza filamu fupi ya dakika 14 hivi. Tumeipiga Pangani kwenye nyumba ya zamani ya ukoo wa rafiki yangu, zile nyumba za mawe na chokaa zenye dari ya boriti, juu hakukaliwi tena popo ndo wenye nyumba, ila mlango wa nakshi bado umesimama. Yani nilivyoiona tu stori ikaja yenyewe. Mvuvi kaenda baharini na ngalawa hajarudi. Siku ya sita maji yanatupa maiti ufukweni, sura haitambuliki, mdogo wake anaitambua kwa shati, inazikwa jioni ileile. Mjane anakaa eda mle ndani na mama mkwe ambaye masikio yamechoka. Usiku wa arobaini mlango unagongwa, na ni yeye.

Kilichonisukuma ni filamu za kale nilizoziona YouTube, ile Frankenstein ya 1910 na ile fupi ya nyumba ya Usher ya 1928, hazina sauti hazina rangi lakini nilishindwa kulala, nikasema kumbe inawezekana kutisha watu bila kompyuta na bila mamilioni.

Sasa shida ni pale anaporudi. Tulimpaka kijana poda nyeupe usoni, wanja chini ya macho, moshi wa ubani unatokea mlangoni, muziki mzito. Nikawaonesha watu kama kumi pale mtaani kwa projekta ya kuazima. Sini za mwanzo zote walikua kimya, kuna mama alikua anafuta machozi pale mjane anapokunja nguo za mumewe, alafu jamaa akaingia, wakacheka. Wote. Iliniuma sana kwa sababu yule dada anayeigiza mjane katoa kila alichonacho, alafu mimi ndo nikamuharibia mwishoni.

Maswali yangu, je nimwoneshe au nisimwoneshe kabisa? Na kama nikimwonesha nifanyeje isiwe kichekesho? Hela imeisha, nina kamera moja ya kuazima, taa mbili na mikrofoni ya kubana kwenye nguo. Pia kuna mtu kaniambia kuigiza eda sio vizuri, naombeni wanaojua waniambie ukweli kabla sijaendelea.

FundiTaa

Dada pole ila hongera pia, kufika hadi watu wakakaa wakaangalia kitu chako sio mchezo, wengi wetu tunaishia kwenye skripti.

Poda toa. Ngozi nyeusi ukiipaka poda nyeupe chini ya taa za LED inakua kijivu bapa, mtu anaonekana katoka kusaga mahindi, ndo maana wakacheka. Mwache mkavu, siku hiyo asipake mafuta usoni wala midomoni. Taa moja tu, ya pembeni, iwe chini ya usawa wa kiuno kama vile kuna chemli imewekwa sakafuni. Alafu angalia macho yake kwenye kioo cha kamera, ukiona ile nukta ndogo ya mwanga ndani ya mboni sogeza taa mpaka ipotee. Jicho lisilo na ile nukta linaonekana limekufa, huna haja ya wanja wala nini.

Iyo Frankenstein ya kampuni ya Edison umeitaja naijua vizuri, kwa miaka mingi ilidhaniwa imepotea mpaka ikaonekana kwa mkusanyaji mmoja kule Wisconsin. Ile sini ya kiumbe kuumbika kwenye lile pipa, walichofanya ni kuchoma sanamu moto huku kamera inazunguka, alafu wakaicheza kinyumenyume, kwa hyo unachokiona ni nyama inatoka motoni inajikusanya juu ya mifupa. Zaidi ya miaka mia imepita na mwili bado unasisimka ukiangalia. Inatisha kwa sababu kila kitu pale ni cha kweli, moto wa kweli, kitu cha kweli, ila muda ndo unakwenda kombo.

Wewe fanya hivyohivyo. Kijana aanzie ndani asimame pale unapotaka aishie, alafu atoke nje ya mlango kwa kutembea kinyumenyume taratibu, ukiediti geuza. Utaona anaingia lakini mguu unakanyaga vibaya, uzito unatangulia kabla ya hatua, mtazamaji hatajua ni nini ila atajua kuna kitu. Na ule ubani wako usiutupe! Weka chetezo mbele yake, ukigeuza moshi utakua unashuka unarudi ndani ya chetezo. Mkalishe mtazamaji hapo sekunde nane bila kukata.

Ila sharti la hii ni asiongee na kusiwe na mtu mwingine anayetembea kwenye fremu, mjane akae tuli.

Jembe_la_Kaskazini

Mi naona unajitesa bure. Fanya awe msukule, kila mtu Tanzania anajua msukule ni nini, huna haja ya kuelezea. Pale ufukweni waliokota mgomba wakauona maiti, wakauzika, mwenyewe yuko shambani kwa mtu analishwa pumba, siku ya arobaini anatoroka anarudi ulimi hauna. Bibi mkwe ndo mchawi. Hiyo inauza, na hao waliocheka hawatacheka.

MamaKhairat

Assalaam aleykum nyote. Mwanangu Binti, mimi si mtu wa filamu lakini nimesoma maneno yako mara mbili, na kwa vile eda nimeikaa mwenyewe nimeona si vizuri kupita kimya.

Kuigiza mjane wa eda kwa nionavyo mimi si kosa, kosa ni kumuigiza ovyo. Eda ya kufiwa ni miezi minne na siku kumi, kwa hiyo arobaini inaangukia katikati, hapo umepatia. Mjane hajitii manukato, hajipaki wanja, hajipambi kwa dhahabu, wala hatoki bila haja ya lazima. Hakikisha yule binti hana hina vidoleni, watu wa pwani ndio watakaoiona kwanza hiyo. Na usiweke sauti ya mtu anayesoma Kurani ili kutishia watu. Hilo nakuomba kama mama.

Jingine, usije ukaleta mambo ya kupasua mbao za sanduku. Huku kwetu jeneza ni la kubebea tu, linarudi msikitini. Mwanamume anavikwa sanda vipande vitatu, inafungwa vifundo, na akishalazwa kwenye mwanandani, lile shimo la ndani ya kaburi, kwa ubavu wa kulia, uso kibla, vile vifundo vinafunguliwa. Kwa hiyo ukitaka kumwambia mtazamaji kwamba huyu ametoka kule, na si baharini, hilo tayari unalo mkononi. Kipande cha kitambaa cheupe chenye mikunjo ya pale kilipokuwa kimefungwa. Hakuna haja ya damu wala udongo.

Sasa nikuambie la kwangu. Mume wangu alikuwa na desturi akitoka kazini anajimwagia maji miguuni kwa kata pale kwenye mtungi wa uani kabla hajaingia ndani. Mara mbili mguu wa kulia, mara moja wa kushoto, kisha kata inagonga mdomo wa mtungi. Alipofariki, wiki za mwanzo nilikuwa naisikia ile kata usiku. Nilikuwa nalala nahesabu. Mbili, moja, kisha nasubiri ule mlio wa kata kwenye mtungi. Sikuwa naogopa hata kidogo, nilikuwa naogopa isije ikaacha. Kwa hiyo ukiniuliza mimi, mtu aliyekufa haji kwa sura. Anakuja kwa mazoea yake. Mpe huyo mvuvi zoea moja mwanzoni kabisa mwa filamu, akiwa mzima, tulione na tulisahau.

Na mlango usigongwe. Apige hodi. Mwanangu, mgeni anapiga hodi mara tatu, asipoitikiwa anaondoka zake, ndivyo tulivyofundishwa. Lakini huyu ni mwenye nyumba, na mwenye nyumba hapigi hodi kwake. Akishapiga hodi tu, mke wake atajua huyu si wa nyumba hii tena.

Binti_wa_Pangani

Shikamoo mama. Nimesoma ujumbe wako nikafunga simu nikakaa nje kama nusu saa. Pole sana kwa mzee, na asante kwa kutupa kitu kama hiki. Hodi! Yani nimeandika ile sini mara sita na sikuwahi kufikiria neno hodi, nimeweka "ngo ngo ngo" kama kwenye filamu za wazungu.

Hina alikua nayo 😭 itabidi sini zile za karibu za mikono tupige upya.

@FundiTaa nimejaribu leo kwa simu tu hapa uani, dogo wangu katembea kinyumenyume nikageuza, mama alikua anapita nyuma yangu akasema zima hicho kitu. Nimeelewa.

Msomaji_Mlegevu

Nimechelewa ila hii mada naipenda sana. Dada hapo kuna swali moja kubwa hujaliuliza nalo ni, anarudi kwa nani na anadai nini?

Hizi hadithi za majumba yaliyochakaa zina kanuni moja ya ndani, kinachorudi ni kile nyumba ilichokificha. Chukua hiyo Usher uliyoiona. Edgar Allan Poe aliiandika 1839. Kaka na dada, mapacha, wa mwisho kwenye ukoo, dada anaugua ugonjwa unaomfanya akauke kama maiti, anaonekana amekufa, kaka na rafiki yake wanamfungia kwenye jeneza kwenye chumba cha chini ya nyumba, parafujo zinakazwa, mlango wa chuma unafungwa. Siku zinapita. Usiku wa dhoruba anasimama mlangoni, sanda ina damu. Watu wengi wanakumbuka hapo tu. Lakini kinachoumiza ni sekunde chache kabla, kaka anakiri kwamba alikua anamsikia akitaabika humo siku nyingi na akanyamaza. Kumbe kutisha kote kuko kwa aliye hai aliyesikia akakaa kimya.

Ndo nije kwako. Umeandika mwenyewe kwenye posti ya kwanza na umeipita haraka, "mdogo wake anaitambua kwa shati". Mdogo mtu alijuaje ni lile shati? Alitaka kujua au alitaka kumaliza? Nyumba ni ya ukoo, kaka hayupo, mjane akimaliza eda ataolewa na nani? Sikwambii umfanye muuaji, hapana, hata usiseme kitu. Weka tu shoti moja ya yule shemeji pale ufukweni anaangalia maiti muda mfupi mno, anasema ndiye. Na siku ya arobaini awepo pale ndani kwenye kisomo, ashindwe kula. Mume akija kupiga hodi watazamaji watakua wanajiuliza vitu viwili kwa wakati mmoja, je huyu ni mfu au ni mzima aliyezikiwa mtu mwingine? Hilo swali usilijibu.

Kuhusu kumwonesha au kutomwonesha. Kuna hadithi ya W. W. Jacobs ya 1902, ya wazee wawili na mkono mkavu wa nyani unaotimiza maombi matatu, mtoto wao kafa kwenye mashine, mama analazimisha aombwe arudi, usiku mlango unagongwa, mama anahangaika na komeo na baba anatafuta ule mkono aombe la mwisho, mlango unafunguliwa barabara tupu. Wasomaji hawajawahi kumwona huyo mtoto na hawamsahau. Kwa hyo njia ya kutomwonesha inafanya kazi, ila imeshatumiwa na kila mtu, ukiifata ilivyo watu wataitambua. Hodi ya mama hapo juu ndo inakutoa, hiyo haiko kwa Jacobs wala Poe, kwa sababu kwao anayegonga anafunguliwa tu, kwetu lazima mtu aitikie. Yani uamuzi wote unakua kwenye neno moja mdomoni mwa mjane.

Alafu usiamini kwamba lazima muda uwe mrefu. Hiyo Usher fupi ni dakika 13 tu, waliitengeneza James Sibley Watson, ambaye alikua daktari, na Melville Webber, huko Rochester jimbo la New York, mke wa Watson ndo kaigiza dada anayefufuka. Hakuna maandishi ya kueleza hadithi, wametumia vioo na prizimu, picha juu ya picha, ngazi juu ya ngazi, herufi zinaelea hewani. Mwaka huohuo Ufaransa Jean Epstein kaitengeneza ndefu, yeye kamfanya dada kuwa mke, na kwenye sini ya kubeba jeneza shela nyeupe imetoka nje inaburuzika na upepo njia nzima. Hiyo shela peke yake inakuambia huyu hajaisha. Shela tu! Nikamkumbuka mama na kile kitambaa chenye mikunjo.

@Jembe_la_Kaskazini ndugu yangu, wazo la mgomba kuzikwa ni zito kweli, nakubali, lakini ukishasema bibi mkwe ndo mchawi filamu imeisha, kila kitu kimepata jibu.

MamaKhairat

Na mimi niongeze hapo kwa Jembe, si kwa ubaya mwanangu. Hizo hadithi za bibi mchawi mwenye misukule watu wanaziangalia sebuleni, kisha wanatoka nje kuna bibi kizee wa kweli anaishi peke yake, macho yamekuwa mekundu kwa moshi wa kuni. Tumezika vikongwe wangapi nchi hii kwa maneno ya namna hiyo? Kule kanda ya ziwa wamekatwa mapanga. Huyo mama mkwe asiyesikia mwache awe mama aliyefiwa na mwanawe.

Jembe_la_Kaskazini

Mama nimekuelewa, na sina ubishi hapo. Bibi yangu mwenyewe mzaa mama alihama kijiji kwa maneno hayohayo, sijui kwanini sikuunganisha. Naondoa hilo la mchawi.

Ila mgomba bado naupenda jamani 🙏 sio kama uchawi, kama uvumi. Wale wanawake wanaopika siku ya arobaini mmoja aseme chinichini "mimi siamini kama waliyezika ni yeye" mwingine anamwambia nyamaza. Basi. Sekunde tano.

Binti_wa_Pangani

@Jembe hiyo naichukua, asante. Nina wanawake watatu wanapepeta mchele kwenye ungo pale uani, nitawapa hayo maneno.

@Msomaji umeniumiza kichwa usiku kucha. Shemeji nilimweka kwa ajili ya kurahisisha tu, nilihitaji mtu wa kutambua maiti! Sasa nimemwangalia kwenye picha zote nilizonazo, na yule kaka anayemuigiza kuna shoti ya kisomo kakaa na sahani ya pilau mbele yake hajaigusa, hata sikumwambia afanye hivyo, alikua ameshiba tu siku ile. Ipo tayari. Nitakachopiga upya ni ya ufukweni.

Zoea la mvuvi nimelipata. Yeye akirudi anatundika kafi ukutani kwa ndani, na kabla ya kulitundika analigongesha sakafuni mara mbili kuondoa mchanga. Tutaona mara moja dakika ya kwanza. Lile kafi liko kwenye ile nyumba kweli, tumelikuta.

Sasa nimebaki na moja. Hodi ya kwanza, ya pili, ya tatu. Mjane anasema karibu au hasemi? Nina hofu akisema itabidi tumwone.

FundiTaa

Kabla hujaamua hilo acha nikuambie sauti maana ndo itakayokubeba. Ile mikrofoni ya nguo usimbane mvuvi. Ibane kwenye kanga ya mjane, kifuani. Hodi irekodiwe kwa mikrofoni hiyohiyo, mvuvi asimame nje na mlango ufungwe kweli, ili sauti ipite kwenye mbao. Utapata hodi iko mbali, na pumzi ya mjane iko karibu kabisa. Ukirekodi hodi pembeni alafu ukaiweka baadae itakua safi mno, itakua tangazo la redio.

Na rekodi dakika mbili za ile nyumba ikiwa kimya usiku, watu wote watoke. Kila nyumba ina ukimya wake, hiyo ya kwako ina popo na maji. Ulaze ukimya huo chini ya sini nzima, alafu baada ya hodi ya pili ukate wote. Usiweke muziki.

MamaKhairat

Mwanangu swali lako la karibu. Mimi ningekuwa yule mjane, ningeitika. Naijua hatari yake na ningeitika. Ila mama mkwe ndiye ningemtazama. Hasikii, sivyo? Basi hodi ya tatu ikipigwa, yeye ambaye hajasikia neno filamu nzima, ainue kichwa.

Msomaji_Mlegevu

Mama 😳

Dada tafadhali fanya hivyo hivyo alivyosema. Kamera ikae kwa wale wanawake wawili, mmoja kasikia zote tatu, mwingine kasikia moja tu.

Binti_wa_Pangani

Nimewapigia wote, jumamosi tunarudi Pangani. Mwezi utakua mpevu, maji ya bamvua yanajaa mpaka karibu na ukuta wa nyuma kwa hyo ule ukimya tutaurekodi maji yakiwa juu. Yule bibi anayeigiza mama mkwe nimemsomea sini mpya kwenye simu, akanyamaza kidogo alafu akaniuliza, nikishainua kichwa mimi ndo niseme karibu au mke wake? Sikuwa na jibu. Nimemwambia tutapiga zote mbili.

Kuhusu mlango, bawaba zake zinalia sana, nilitaka kununua grisi.

FundiTaa

Usitie grisi. Rekodi kwanza unavyolia, ukifunguka na ukifunga, mara tano tano.